Mhabeshi Aliyelishika Lango la Afrika

Jumamosi ni siku ya soko Taveta, na siku ya soko hapa Bomeni mtu hupita kwa ubavu. Ndizi hupangwa hadi njiani, wenye mikokoteni hupiga kelele wapishwe, na wenzetu wa Tanzania huwa wameshavuka Holili tangu alfajiri na mizigo yao. Lakini Jumamosi ya tarehe 23 Agosti 2025 soko lilikuwa kama lenye matanga. Usiku wa kuamkia siku hiyo Kenya ilikuwa imetolewa na Madagascar kwa mikwaju ya penalti kule Kasarani, na Tanzania nayo ikalazwa na Morocco bao moja kwa bila kule Dar es Salaam. Muuzaji na mnunuzi, wa huku na wa kule, nyuso zilikuwa zimewashuka. Hata bei hazikupiganiwa sana.

Nilikuwa nimekaa kwenye benchi la kahawa pamoja na wazee wawili watatu na kijana mmoja ambaye jina lake sitalitaja, fowadi wa hapa mtaani, mwenye mguu wa kushoto unaosema. Kijana alikuja kuaga. Klabu moja ya ng'ambo ya mpaka ilikuwa imemtaka, nayo ingemlipa mshahara kila mwezi. Mzee mmoja akamkemea. Mashindano yale tuliyotolewa, yaliyoitwa CHAN, yalichezwa na wale wa ligi za nyumbani peke yao. Mwenye kuvuka mpaka, ijapokuwa ni mwendo wa kutembea kwa miguu, hakuweza kuchaguliwa. Mzee akaona kijana anaisaliti nchi kabla hata hajaitumikia. Kijana akajibu kwa adabu, lakini akajibu, kwamba bendera hailiwi.

Hapo nikaingilia kati, nikawaambia kwamba ugomvi wao ni mkongwe kuliko kijana yule, na kwamba palikuwa na Mhabeshi mmoja aliyeubeba begani takriban maisha yake yote: kwanza mchezaji, kisha kocha, kisha mkuu wa kandanda ya Afrika nzima. Wakaniuliza ni nani huyo. Nikalitaja jina, Yidnekachew Tessema. Hapana hata mmoja aliyepata kulisikia. Basi msomaji, kama nawe hujalisikia, hebu nisikilize.

Mimi Uhabeshi niliujua kabla sijaijua ramani. Nilisoma chuoni, Mombasa, na mwalimu wetu alikuwa akitusimulia jinsi Waislamu wa mwanzo walivyovuka bahari kuikimbia dhuluma ya Makka, wakapewa hifadhi na Najashi, mfalme wa Habasha. Katika akili ya mtoto nchi ile ilikuwa na mlango mmoja mkubwa, na mlangoni amesimama mtu mwenye kuamua nani aingie na nani asiingie. Nilipokuja kuyasoma maisha ya Yidnekachew, picha ile ya chuoni ilinirudia.

Alizaliwa Jimma, kusini-magharibi mwa Ethiopia, tarehe 11 Septemba 1921, siku ambayo kwa kalenda yao ndiyo mwaka mpya. Na babake alikuwa malenga. Hapo ndipo niliponaswa, kwani sisi watu wa tungo tunajuana hata makaburini. Tessema Eshete alikuwa mwimbaji na mtunzi mashuhuri aliyepelekwa Ujerumani zama za Mfalme Menelik, na huko akaimba mbele ya mtambo wa kunasia sauti. Anatajwa kuwa Mhabeshi wa kwanza sauti yake kutiwa katika santuri. Sisi wa pwani tunajivunia Siti binti Saad aliyekwenda Bombay mwaka 1928 kurekodi nyimbo za Kiswahili, na ni haki yetu kujivunia. Lakini huyu alikuwa amemtangulia kwa miaka ipatayo ishirini. Mtoto wa mtu kama huyo angetarajiwa kushika ala. Yeye alishika gozi.

Mwaka 1935 vijana wa Addis Ababa waliunda klabu wakaiita Mtakatifu Giorgis, au Saint George kama inavyoandikwa hadi leo. Mwaka uleule majeshi ya Mussolini yaliivamia Ethiopia, na mwezi wa Mei 1936 yakaingia Addis Ababa. Kwa hiyo klabu hiyo na vita vilizaliwa pamoja. Yidnekachew aliingia kikosini angali mvulana, na ujana wake wa kandanda ulipita chini ya utawala wa watu waliotenganisha Mzungu na Mwafrika katika kila kitu. Uwanjani nako kulikuwa na mpira wa weupe na mpira wa wenyeji, na klabu za wenyeji zililazimishwa kubadili majina. Fikiria, msomaji, kuvaa jezi ya klabu yako ukaambiwa usiitaje kwa jina lake.

Waitalia waliondoshwa mwaka 1941, Mfalme Haile Selassie akarejea, na jina la Saint George likarejea naye. Baada ya hapo klabu ilikutana na timu ya Waitalia waliobakia mjini, ikawafunga. Watu wa Addis Ababa wa rika lile waliisimulia mechi hiyo kama sisi tunavyosimulia siku ya bendera.

Yidnekachew aliichezea Saint George kwa miaka 23, hadi mwaka 1958. Hesabu zinazotajwa ni mechi 365 na mabao 318, na kwa timu ya taifa mechi 15 kati ya 1948 na 1954. Haya yote ni mpira wa ridhaa. Hapakuwa na mkataba wala mshahara. Mtu alifanya kazi yake mchana, jioni akafunga viatu. Na kwa kuwa alijua kusoma, kuandika na kusema mbele za watu, aliingia mapema katika kuendesha shirikisho la kandanda la nchi yake, lililoundwa mwaka 1943. Kwetu siku hizi mchezaji akiingia ofisini husemwa amestaafu. Yeye alikuwa huku na huku kwa wakati mmoja.

Mwezi wa Februari 1957, angali mchezaji wa klabu yake, aliiwakilisha Ethiopia mjini Khartoum. Walikutana Misri, Sudan, Ethiopia na Afrika Kusini, wakaunda Shirikisho la Kandanda la Afrika, CAF. Nchi nne tu, bara zima! Nyingine karibu zote zilikuwa bado mikononi mwa wakoloni, nasi tukiwamo. Kombe la Mataifa ya Afrika la kwanza lilichezwa papo hapo Khartoum, na papo hapo likapata mtihani. Afrika Kusini ilikuwa tayari kuleta timu ya weupe watupu au timu ya weusi watupu, lakini si ya kuchanganyika. Wenzao watatu wakakataa. Afrika Kusini ikatoka, na Ethiopia, iliyokuwa icheze nayo, ikapita hadi fainali bila kugusa mpira. Huko Misri iliwatandika mabao manne kwa bila, yote manne yakifungwa na mtu mmoja, Ad-Diba.

Nataka tukae kidogo hapo. Huyu ni mtu aliyekuwa amecheza ujana wake katika mpira uliogawanywa kwa rangi. Aliyemletea pendekezo la mpira uliogawanywa kwa rangi alikuwa anamletea kitu alichokwisha kukionja. Sidhani kama alihitaji muda wa kufikiri.

Miaka mitano baadaye kombe lilikwenda Addis Ababa. Ilikuwa Januari 1962, na kocha wa Ethiopia alikuwa Yidnekachew. Timu ni nne: wenyeji, Tunisia, Misri ambayo wakati ule bado ilijiita Jamhuri ya Muungano wa Kiarabu, na jirani zetu Uganda, ambao walikuwa hata uhuru hawajaupata, uliwafikia mwezi wa Oktoba mwaka huo. Uganda walipoteza mechi zao zote mbili, lakini walikuwapo, na sisi hatukuwapo. Ethiopia iliishinda Tunisia mabao manne kwa mawili.

Fainali ilikuwa tarehe 21 Januari, na Misri ndio waliokuwa mabingwa wa mara zote mbili zilizotangulia. Badawi aliwatangulizia Misri kipindi cha kwanza. Ethiopia ikahangaika hadi dakika ya 74, Tekle Kidane akasawazisha. Uwanja haujamaliza kushangilia, Badawi akafunga tena, dakika moja tu baadaye. Ikabaki kama robo saa. Dakika ya 84 nahodha Luciano Vassalo akasawazisha mara ya pili. Muda wa nyongeza, Italo Vassalo, nduguye nahodha, akafunga la tatu, na kijana Mengistu Worku akapigilia msumari wa nne. Manne kwa mawili. Mfalme Haile Selassie akamkabidhi nahodha kombe kwa mkono wake.

Na nahodha yule ni nani? Luciano Vassalo alizaliwa Asmara, mama yake Mweritrea, baba yake askari wa Kiitalia. Katika uwanja uliobeba jina la mfalme aliyekimbizwa na Waitalia, mbele ya watu waliopoteza baba na kaka kwa risasi za Waitalia, kombe la kwanza na la pekee la Afrika ambalo Ethiopia imepata kulishinda lilipokelewa na mtoto wa Mwitalia, na kocha wake alikuwa mtu aliyechezeshwa chini ya sheria za rangi za Waitalia haohao. Wako watakaosema ni mpira tu, nahodha ni nahodha. Mimi naona pale kocha aliitekeleza kwa vitendo kanuni aliyoidai Khartoum: anayeingia uwanjani anaingia kwa mguu wake, si kwa damu yake.

Baada ya 1962 maisha yake ni ya vikao, na vikao havisimuliki vizuri kama mabao. Nitafupisha, ila kikao kimoja sikiruki. Kombe la Dunia la mwaka 1966 lilikuwa lifanyike Uingereza, timu 16. FIFA iliamua kwamba Afrika, Asia na Oceania kwa pamoja zigombee nafasi moja. Nafasi moja kwa mabara matatu! Bingwa wa Afrika angepaswa kwenda kupambana tena na bingwa wa Asia ndipo apate kiti. Yidnekachew na Ohene Djan wa Ghana walikuwa mstari wa mbele kudai Afrika ipewe nafasi yake yenyewe. FIFA ikakataa. Mwaka 1964 mataifa 15 ya Afrika yakajitoa. Yalitozwa faini, lakini hayakurudi. Nafasi ile moja ikachukuliwa na Korea Kaskazini, ambao walikwenda wakamfunga Italia, dunia ikashangaa.

Lakini mwaka huohuo, katika kombe hilohilo lisilokuwa na nchi hata moja ya Afrika, mfungaji bora alikuwa Mwafrika. Eusébio, mzaliwa wa Lourenço Marques, mji ambao leo ni Maputo, alifunga mabao tisa akiwa amevaa jezi ya Ureno. Nahodha wake, Mário Coluna, naye ni wa Msumbiji. Yaani Afrika ilikuwa nje ya mlango, na miguu ya Waafrika ilikuwa ndani. Kwa maoni yangu huwezi kumfahamu Yidnekachew kama huuoni mkasa huo.

Kususia kule kulizaa. Kombe la 1970 Afrika ilipewa nafasi yake, Morocco wakaenda Mexico. Mwaka 1972 Yidnekachew akachaguliwa rais wa CAF. Ndio mwaka ambao Kenya yetu ilifika kwa mara ya kwanza fainali za Kombe la Mataifa, kule Cameroon, ikatoka raundi ya kwanza. Mwaka 1974 kura za Afrika zilisaidia kumwondoa Sir Stanley Rous katika kiti cha FIFA na kumweka Mbrazili João Havelange, na miongoni mwa mambo ambayo Waafrika walitaka kutoka kwake ni suala la Afrika Kusini. Mwaka 1976 Afrika Kusini ikafukuzwa FIFA. Ilikuwa ni miaka 19 tangu kile kikao cha Khartoum. Mwaka 1982 Kombe la Dunia likapanuliwa kuwa timu 24, Afrika ikapata nafasi mbili, na Algeria wakaenda wakamfunga Mjerumani wa Magharibi mawili kwa moja.

Katikati ya hayo mfalme wake alipinduliwa, Septemba 1974, na nchi yake ikaingia katika miaka ya damu. Watu wengi wa utawala wa zamani waliangamia. Yidnekachew alibaki na kiti chake cha Afrika, na mwaka 1976 Ethiopia ikaandaa tena Kombe la Mataifa, ambalo Morocco walilichukua.

Sasa nirudi kwenye benchi letu la kahawa, maana kijana alikuwa bado hajapata jibu lake. Tangu mwaka 1965 CAF ilikuwa na kanuni kwamba nchi ikija kwenye Kombe la Mataifa isilete zaidi ya wachezaji wawili wanaocheza nje. Na Yidnekachew mwenyewe, hadi miaka yake ya mwisho, aliwaonya viongozi wenzake kwamba Afrika inageuzwa shamba la kuwavunia Wazungu wachezaji, kama inavyovuniwa kahawa na madini, nasi tukibaki na viwanja vitupu. Hakupenda mchezo ujengwe juu ya fedha, na matangazo ya pombe na sigara aliyapinga katika mashindano ya Afrika. Alitaka mchezaji abaki, klabu zikue, watazamaji wa nyumbani wapate cha kutazama.

Ukimsikiliza hivyo unatikisa kichwa kukubali. Lakini mimi nilipoyafikia hayo nilisita, na bado nasita. Mtu huyu maisha yake yote alipigania Mwafrika asifungiwe mlango, kisha naye akausimamia mlango mwingine, na safari hii aliyezuiwa ni mchezaji wa kwao. Ni wepesi kwa kiongozi kumwambia fowadi wa miaka ishirini asubiri ligi ya nyumbani ikue. Mguu hausubiri, miaka kumi tu umekwisha. Kanuni ile iliondolewa mwaka 1982. Nadhani ilichelewa, na wako waliokwisha kuumia. Hata hivyo siwezi kumwita mnafiki, kwani alichowataka wengine wafanye yeye alikwisha kukifanya: miaka 23 klabu moja, bila malipo.

Mwezi wa Agosti 1987 michezo ya Afrika nzima ilifanyika Nairobi. Mimi nilikuwa kijana wa shule, na fainali ya kandanda niliisikiliza kwenye redio ya marehemu baba, tumeizunguka kama jiko. Misri ilitufunga bao moja kwa bila. Nililia, na siku mbili tatu sikutaka mtu anitajie mpira. Michezo ilifungwa tarehe 12. Tarehe 19, wiki moja baadaye, Yidnekachew Tessema alifariki dunia Addis Ababa baada ya kuugua, umri wake miaka 65, angali rais wa CAF. Wakati ule jina lake halikuniambia kitu. Kiti chake alikuja kukikalia Issa Hayatou wa Cameroon tangu 1988 hadi 2017, na chini yake mchezo wa Afrika uliingia katika fedha kwa miguu miwili. Chini yake huyohuyo, mwaka 2009, yakaanzishwa haya mashindano ya CHAN, ya wachezaji wa ligi za nyumbani peke yao. Kama Yidnekachew angefufuka, sijui angecheka au angeuliza mbona mumechelewa.

Nilipomaliza, kahawa ilikuwa imepoa. Kijana alikuwa ametulia muda wote, kiroba chenye viatu vyake kimelala miguuni. Akaniuliza swali moja tu, kwamba je, huyo mzee kwa mabao yale 318 alipata nini. Nikamwambia kwa Saint George hakupata hata senti ya mshahara. Akafikiri kidogo, akasema basi huyo alikuwa na mapenzi makubwa, akainuka, akatupa mkono mmoja mmoja, akaishika njia ya Holili katikati ya watu wa soko. Mzee aliyemkemea alimtazama hadi akapotea nyuma ya mikungu ya ndizi. Kisha akatia mkono mfukoni, akamlipia kijana kahawa yake.